Saa moja iliyopita ina sauti gani?

Msomaji ameniandikia hivi: "Shikamoo mtaalamu. Ninaandika hadithi ya kubuni. Ndani yake kuna mashine ndogo, nimeiita kinasawakati, inayogeuza wakati kuwa sauti. Msichana anaiweka kwenye chumba cha marehemu babu yake, ambacho huja kukifagia kila wiki, anavaa hedfoni, anasikiliza miaka 40 iliyopita mle ndani. Nina maswali matatu. Kwanza, kisayansi jambo hili lina hata chembe ya ukweli? Pili, atasikia nini hasa? Sitaki kuandika 'akasikia sauti ya ajabu' halafu basi. Tatu, anaweza kuisogeza mbele akasikia wakati ambao haujafika?"

Marahaba, mwandishi. Hiyo "sauti ya ajabu halafu basi" imenichekesha, maana ndiyo ninayokutana nayo kila nikisoma hadithi zenye mashine. Mimi kazi yangu ni sauti. Napima kumbi, natafuta kelele ya mtambo inatokea wapi, na siku nyingine nashinda mbele ya kompyuta nikitazama mawimbi mpaka macho yanauma. Kwa hiyo nitakujibu kama fundi, na nitaanza na habari mbaya.

Wakati wenyewe hauna sauti. Hauna cha kutetemesha. Sauti ni hewa inayobanwa na kuachiwa, inabanwa na kuachiwa, na lazima kuwe na kitu kinachoibana. Kinachoweza kugeuzwa kuwa sauti ni mabadiliko: kitu kilikuwa hivi, kikawa vile, kikarudi. Chumba kisichobadilika chochote ndani yake hakina la kusema, hata ukikiwekea mashine ya miujiza. Kwa hiyo kabla hujaandika mstari mwingine, jiulize kinasawakati chako kinasikiliza mabadiliko ya nini. Hadithi nyingi za aina hii zinakufa hapo hapo, kwa sababu mwandishi hakuwahi kujiuliza.

Habari njema ni kwamba nusu ya mashine unayo tayari kichwani. Chukua chana ya plastiki, pitisha ukucha kwenye meno yake polepole. Utasikia tk, tk, tk, na unaweza kuhesabu. Ongeza kasi kidogo, hesabu inakushinda. Ongeza tena, na mara ile milio haipo: umebaki na sauti moja, inayokwaruza, na kadiri ukucha unavyokimbia ndivyo sauti inavyokuwa nyembamba. Chana ni ile ile, meno ni yale yale. Mfaransa Félix Savart alilifanya hili kwa ustadi katika karne ya 19, kwa gurudumu la meno linalogusa kadi, na kwa kuhesabu meno na mizunguko akajua sauti fulani ni mapigo mangapi kwa sekunde. Leo tunaita hezi: hezi 100 ni mara 100 kwa sekunde.

Mpaka uko kwenye hezi 20 hivi. Chini ya hapo sikio linakupa matukio, moja baada ya jingine, yaani linakupa wakati. Juu ya hapo, mpaka kama hezi 20,000 kwa sikio la kijana, linakupa noti. Hakuna ukuta kati ya vitu hivi viwili, ni kasi tu. Nimefanya kazi hii miaka mingi na bado jambo hilo hunishangaza kila nikishika chana.

Ukitaka kuusikia mpaka huo kwenye maumbile makubwa zaidi, nenda kwa pulsa, zile nyota zilizokufa zinazozunguka huku zikirusha mawimbi ya redio kama taa ya mnara wa bandarini. Ya kwanza iligunduliwa na Jocelyn Bell mwaka 1967, nayo inapiga kila baada ya sekunde 1.337. Ukiunganisha mapigo yake na spika unasikia fundi mvivu anagonga msumari. Pulsa ya Vela inapiga mara 11 kwa sekunde, bado ni kugonga, ila sasa fundi ana haraka. Ya Crab inapiga mara 30, na hapo tayari umevuka: ni mngurumo. Iko nyingine iliyogunduliwa mwaka 1982 inayozunguka mara 642 kwa sekunde, na hiyo inaimba kabisa, noti unayoweza kuitafuta kwenye gita ukaipata. Huko angani hakuna hewa, kwa hiyo hakuna sauti. Tumebadilisha chombo cha kubebea tu. Mpangilio wa mapigo ni wa nyota yenyewe.

Na mwaka 2015, tarehe 14 Septemba, vipimo vya LIGO huko Marekani vilinasa mtikisiko wa mashimo meusi mawili yaliyogongana miaka kama bilioni 1.3 iliyopita. Ule mtikisiko wa anga na wakati ulipanda kutoka hezi 35 hadi 250 kwa muda wa kama moja ya tano ya sekunde. Hawakuhitaji hata kuuharakisha ili usikike. Waliupeleka kwenye spika, ukatoa kitu kama "wuup". Bilioni 1.3 za miaka, halafu "wuup". Ukitafuta mashine ya kweli iliyo jirani na ya kwako, hiyo ndiyo ya karibu kabisa ninayoijua.

Kinyume chake pia kipo, na huenda umekivaa. Saa ya kwatzi ina kijiwe kidogo kilichochongwa kama uma wa meno mawili, kinachotetemeka mara 32,768 kwa sekunde. Ni sauti, ila nyembamba mno kwa sikio. Ndani ya saa, saketi inaigawa kwa mbili: 16,384. Tena: 8,192. Ukigawa mara saba unafika 256, jirani ya ile do ya katikati ya kinanda. Ukigawa mara kumi na moja, 16, noti imevunjika na kuwa mapigo. Ukigawa mara kumi na tano unapata 1, na mshale unaruka. Yaani saa yako inageuza sauti kuwa wakati. Mashine ya hadithi yako inapanda ngazi ile ile ambayo saa inaishuka.

Jibu la swali la kwanza basi: chembe ya ukweli ipo, tena si chembe moja. Lakini kuna jambo moja msichana wako asiahidiwe.

Hatasikia babu akiongea. Najua ndicho wasomaji watakachokitamani. Charles Babbage, yule Mwingereza aliyebuni mashine za kukokotoa, aliandika mwaka 1837 kwamba hewa ni maktaba kubwa iliyohifadhi kila neno lililowahi kutamkwa, na kwamba mwenye akili ya kutosha angeweza kuyasoma. Wazo tamu, nami ningependa liwe kweli. Tupige hesabu. Mazungumzo ya kawaida yana nguvu kama mara milioni moja ya ile sauti ndogo kuliko zote ambayo sikio linaweza kuipata. Chumba cha kulala chenye kitanda, mapazia na nguo kinaimeza sauti mpaka ibaki sehemu moja ya milioni katika muda wa kama nusu sekunde. Yaani nusu sekunde baada ya babu kufunga mdomo, neno lake limefika ukingoni mwa kusikika. Nusu nyingine, limegawanywa na milioni tena. Baada ya sekunde nne limegawanywa na milioni mara nane, huku chembe za hewa zinagongana ovyo kwa sababu ya joto tu na kufanya kelele kubwa kuliko hilo neno kwa kiasi kisichosemeka. Neno halikukaa hewani. Limekuwa joto, na joto halina matamshi.

Kwa hiyo usisikilize hewa. Sikiliza vitu. Mimi kama msomaji nakuruhusu uongo mmoja, na uutumie hapa: kinasawakati kinaweza kusoma kwenye bawaba ya mlango, kwenye sakafu, kwenye kingo za kitanda, alama ya kila mara vilipoguswa, kwa mpangilio wake na nafasi kati ya mguso na mguso. Ukishanipa huo, mengine yote yatokane na fizikia. Betri, ukubwa, rangi, hayo andika utakavyo, hakuna atakayekuuliza.

Sasa swali la pili, ambalo ndilo lenye nyama. Kwanza nikuonyeshe kitu nilichokifanya mwenyewe, maana kitakusaidia kuliko nadharia. Nilikuwa na faili ya joto la hewa, kipimo kimoja kila saa kwa miaka 30. Namba kama 263,000. Nikaiambia kompyuta izichukulie namba hizo kuwa sauti na izipige kwa kasi ya kawaida ya diski za muziki, namba 44,100 kwa sekunde. Miaka 30 ikawa sekunde 6. Unajua nilichosikia? Filimbi. Usiku na mchana, joto linapanda na kushuka kila baada ya namba 24, na kwa kasi ile hiyo ni hezi 1,837. Filimbi kali, ya kukera. Lakini ilikuwa inatetemeka, mara 5 kwa sekunde, na nikachukua dakika kuelewa kuwa huko kutetemeka ndiko misimu: kuna miezi ambayo mchana na usiku vinatofautiana sana kwa joto, na miezi ambayo havitofautiani. Mwaka mzima umekuwa mtikisiko wa koo. Na chini ya filimbi kulikuwa na mkwaruzo kama mafuta kwenye kikaango, nao ni mawingu, siku ambazo jua halikutoka. Hakuna dhoruba hata moja niliyoisikia kama dhoruba. Zote zimo mle, ila zimebanwa kuwa chembe za mkwaruzo.

Ndilo ninalotaka ulishike. Ukibana wakati kiasi hicho, matukio yanapotea na mazoea yanatoka. Kinachojirudia ndicho kinachopata noti. Kilichotokea mara moja kinakuwa tk, na mara nyingi hata hiyo tk hutaisikia.

Turudi chumbani. Tuweke kasi ya mwaka mmoja kwa sekunde moja, ili miaka 40 iwe sekunde 40, muda ambao mtu anaweza kuvumilia. Babu anafungua mlango kila asubuhi. Mara moja kwa siku ni mara 365 kwa mwaka, na mwaka umekuwa sekunde, basi mlango ni hezi 365. Hiyo ni noti ya kinanda, juu kidogo ya katikati. Msichana anawasha mashine, na mlango unaimba.

Haiwi noti laini kama ya filimbi, maana imetengenezwa na mapigo makavu yaliyofuatana. Ni ya kukwaruza, kama nyuki ndani ya kopo. Na ukwaruzaji wake una habari. Kama babu alikuwa mtu wa saa 11 alfajiri, kila siku, mvua au jua, noti imenyooka. Kama leo anaamka saa 11, kesho saa 2, keshokutwa saa 12, nafasi kati ya pigo na pigo hazilingani, na noti inakuwa na kikohozi. Kama kuna siku moja ya wiki ambayo haufungui kabisa, basi kuna pengo kila baada ya mapigo sita, na pengo linalojirudia ni noti nayo: hezi 52, besi nzito, pamoja na noti mbili za pembeni, hezi 313 na 417, zinazoing'ang'ania ile kuu kama watoto wawili. Mwandishi makini anaweza kumfanya msichana agundue hivyo siku ya mapumziko ya babu yake. Anasikia ngurumo chini, anahesabu, anapata saba.

Kitu cha kila mwezi kitagonga mara 12 kwa sekunde. Hakifiki hezi 20, kwa hiyo hakiwi noti, kinabaki kama fimbo inayopitishwa kwenye uzio. Cha kila mwaka, mfano kupaka rangi ukuta, kinagonga mara moja kwa sekunde, taratibu, na msichana anaweza kukitumia kuhesabu miaka. Moyo wa babu, mapigo 70 kwa dakika, unaenda hezi milioni 37 hivi. Hata masikio ya mbwa na popo yameachwa mbali. Kicheko, chafya, maombi ya usiku, havimo. Kilichomo ni kwamba aliamka.

Ugonjwa utausikiaje? Siku moja bila mlango ni milisekunde 2.7. Sikio zuri linatambua ukimya wa milisekunde 2 au 3 ndani ya kelele, kwa hiyo siku moja iko ukingoni kabisa: atahisi kitu, hatajua nini. Wiki ni milisekunde 19, noti imejikwaa. Mwezi wa kulazwa ni kama sehemu ya 12 ya sekunde, hilo ni shimo. Atalirudia mara tano kabla ya kuelewa. Na mwishoni noti inakatika, haififii kama wimbo wa redio unaposhushwa. Inakuwepo, halafu haipo. Usiandike kinyume cha hapo hata kama mhariri atakuomba.

Nikupe zawadi moja ya bure. Mwaka 1960 kampuni ya Bulova ilitoa saa ya mkononi iitwayo Accutron, ambayo haikuwa inapiga tiki-taka. Ndani yake kulikuwa na uma wa chuma uliotetemeka mara 360 kwa sekunde, na ukiiweka sikioni ilikuwa inavuma. Hezi 360 na hezi 365 ni majirani. Sauti mbili zinazokaribiana hivyo zikiingia sikio moja hazisikiki kama mbili, zinasikika kama moja inayovimba na kunywea, na kasi ya kuvimba ni tofauti yao: mara 5 kwa sekunde. Babu akiwa aliacha saa ya aina hiyo droo ya kushoto, msichana akaisogeza kwenye sikio chini ya hedfoni, atasikia chumba na saa vikipiga wau, wau, wau pamoja. Ukiitumia, nitafurahi.

Utakutana na watu watakaokuambia mwaka una noti yake halali, hezi 136, kwa sababu ukiuongeza mara mbili mara mbili, oktava 32, unafika hapo. Hesabu yao ni sahihi. Lakini kuchagua oktava 32 badala ya 31 ni uamuzi wa mtu aliyetaka noti ya kupendeza, na kusema noti hiyo inaponya ni biashara. Sinunui.

Sasa kuhusu kasi, maana hapo kuna kosa unaloweza kuligeuza kuwa sura nzima. Mfaransa Édouard-Léon Scott de Martinville alitengeneza chombo cha kuchora sauti kwenye karatasi iliyopakwa masizi, miaka kama 20 kabla ya santuri ya Edison. Kilichora tu, hakikupiga. Tarehe 9 Aprili 1860 kikachora mtu akiimba wimbo wa watoto wa Kifaransa. Watafiti waliipa karatasi ile sauti kwa mara ya kwanza mwaka 2008, na dunia ikasikia sauti nyembamba, ikadhaniwa ni binti au mtoto. Mwaka uliofuata wakagundua walikuwa wameipiga kwa kasi mara mbili ya ilivyotakiwa. Waliposhusha, binti akawa mwanamume anayeimba polepole, na pengine ni Scott mwenyewe. Walichotegemea kujua kasi ni mstari wa uma wa sauti aliokuwa ameuchora pembeni kama kipimo cha wakati. Ugomvi ulikuwa namna ya kuhesabu mitetemo yake. Msichana wako naye anahitaji kipimo cha pembeni. Vinginevyo atajuaje kuwa ni mwaka kwa sekunde? Akiikosea kasi kwa mara mbili, siku ya mapumziko haitakuwa ya saba, na ataamini maisha ambayo babu hakuyaishi. Pigo la kupaka rangi ukuta, au tarehe moja ya kweli anayoijua, ndiyo inaweza kumrudisha njiani.

Mpe pia kidude cha kuzungusha kasi, lakini kiwe na gharama. Akishusha mpaka siku moja kwa sekunde moja, mlango wa asubuhi unarudi kuwa tok moja tu, haina noti. Badala yake saa ya ukutani ambayo mshale wake unaruka kila dakika inapiga mluzi wa hezi 1,440. Na kitu kinachotokea kila saa kinapiga mara 24 kwa sekunde, juu kidogo ya ule mpaka wa chana. Ukiniuliza saa moja ina sauti gani kwenye mashine yako, kwa kasi hiyo ni mngurumo wa chini kabisa ambao sikio linaweza kuuita noti.

Gharama yenyewe ilielezwa na Dennis Gabor mwaka 1946, mhandisi wa Kihungari aliyekuwa Uingereza, huyo huyo aliyepata Nobel kwa holografia, zile picha zinazoonekana kuwa na kina. Alionyesha kuwa huwezi kujua kwa uhakika kamili noti ni ipi na pia ilitokea lini. Kutofautisha hezi 365 na 364 unahitaji kusikiliza kama sekunde nzima. Ukikata kipande kifupi ili kujua tukio lilitokea siku gani, kipande hakina noti tena, ni tk. Si udhaifu wa sikio wala wa kompyuta, ni tabia ya mawimbi. Kwa lugha ya hadithi yako: msichana akitaka kujua babu alikuwa mtu wa namna gani, lazima asikilize miaka, na tarehe zinayeyuka. Akitaka kujua usiku ule mmoja nini kilitokea, anaupata usiku, na babu anatoweka ndani yake, anabaki mtu aliyefungua mlango mara moja. Mashine ikiwa na vyote viwili kwa pamoja, nitafunga kitabu.

Swali la tatu nitalijibu kwa ufupi. Rekodi ya ngoma ukiipiga kinyumenyume unajua mara moja, kwa sababu kila pigo linaanza kwa kuvimba na kumalizika kwa kukatwa, na hakuna kitu kinachogongwa kikafanya hivyo. Lakini noti iliyonyooka ya mlango, hezi 365 bila kasoro, ukiigeuza ni ile ile. Zoea kamili halina mbele wala nyuma. Kinachoonyesha upande ni kasoro: noti inavyozidi kukwaruza kadiri babu anavyozeeka na kuchelewa kuamka. Kwa hiyo nyuma anaweza kwenda, na atajua ni nyuma. Mbele hapana. Mashine inasoma alama, na mguso ambao haujatokea haujaacha alama. Kinachoweza kufanyika mbele ni kile anachofanya mguu wako ngoma inaponyamaza ghafla: unapiga pigo moja zaidi, hewani. Mruhusu msichana asikie hilo pigo moja, na ajue ni la kichwani mwake.

Bado kuna kitu kimoja ambacho hukuuliza. Baada ya noti ya babu kukatika, mashine inaendelea kusoma. Nani anaingia chumbani baada ya hapo? Ulisema msichana anakuja kufagia kila wiki. Basi yumo kwenye rekodi, hezi 52, na spika ndogo ya kidude cha mkononi haiwezi kutoa besi hiyo. Itatoa sauti za juu zinazotokana nayo, 104, 156, 208 na kuendelea, zile za mwanzo kwa unyonge, na ubongo utaijaza ile ya chini isiyokuwepo, kama unavyosikia sauti nzito ya mwanamume kwenye simu ya waya wakati laini ya simu haipitishi karibu chochote chini ya hezi 300. Kwa hiyo asikilize mara ya kwanza kwa spika ya mashine, bila hedfoni, sekunde mbili au tatu za mwisho tu, na aseme anasikia mngurumo. Halafu aigeuze mashine atazame huo mngurumo unatokea wapi.